Siku moja maishani mwangu: mwanazuoni wa uganga wa wakati

Saa kumi na moja alfajiri. Naamka nyota zikingali juu, maana talasimu yoyote ya wakati hupimwa kwanza kwa mbingu. Naanza na saa ya maji: chombo cha jiwe, kipana mdomoni, chembamba kitakoni, na tundu dogo chini. Nimekifuatisha kile kilichopatikana Karnak, Misri, cha zama za Farao Amenhotep III. Ubavu umelazwa makusudi. Chombo kikijaa, maji hutoka kwa kasi, yakipungua, hulegea. Kwa hiyo fundi alipunguza upana kuelekea chini ili maji yashuke kwa mwendo mmoja. Hesabu hiyo ina zaidi ya miaka 3,300, na bado inanitia adabu.

Leo kuna baridi, na maji ya baridi hudondoka polepole zaidi. Naliandika hilo kabla ya jambo jingine lolote. Mganga asiyejua kasoro ya chombo chake atajisifu kwamba amekawiza wakati, kumbe maji tu ndiyo yamepoa.

Saa moja asubuhi. Daftari la madeni. Watu wakisikia uganga wa wakati hufikiria radi na milango ya siri, lakini kiini cha elimu yetu kimo humu. Wakati hauumbwi. Ukiurefusha hapa, utaufupisha pale, na wa kufupishiwa ni yule yule aliyekopa.

Wa kwanza leo ni mkunga aliyechukua robo saa usiku, mtoto alipotanguliza miguu. Mama na mtoto wazima, naye amekuja kulipa bila kuitwa. Namfunga talasimu kifundoni mwa mkono, anafumba macho, anafumbua. Kwake ni kufumba na kufumbua kweli, ila mwanga wa dirishani umeshahama kutoka mguu wa kiti hadi ukutani. Anautazama, anatikisa kichwa, anatia sahihi. Kwa watu kama huyu naipenda kazi hii.

Saa tatu. Mwanafunzi ameleta ombi la utafiti: anataka kuzisaka siku 10 za mwaka 1582. Papa Gregori XIII aliporekebisha kalenda, watu wa Hispania, Ureno na sehemu kubwa ya Italia walilala Alhamisi tarehe 4 Oktoba wakaamka Ijumaa tarehe 15. Kijana anaamini siku hizo zimekwama mahali, na kwamba atakayezipata atakuwa na akiba isiyodaiwa na mtu.

Nikamwambia, mwanangu, tazama majina ya siku. Baada ya Alhamisi ilikuja Ijumaa, kama juma lililopita na lililofuata. Jua halikuruka hata macheo moja. Kalenda ya Julius Caesar iliuhesabu mwaka kuwa siku 365 na robo, nao hasa ni mfupi kuliko hapo kwa dakika 11 hivi. Dakika hizo zikajilimbikiza karne kwa karne, hadi tarehe zikaachana na majira. Kalenda ilikopa kidogo kidogo, ikalipa kwa mkupuo. Akanyamaza, kisha akauliza kama anaweza kuandika juu ya deni hilo badala ya hazina. Nimemkubalia papo hapo.

Saa sita mchana. Kupima kivuli. Jua na saa ya ukutani haviendi sambamba. Mwanzoni mwa Novemba hupishana kwa dakika 16 hivi. Tunasahihisha, tunaendelea.

Saa nane. Maabara. Tunakawiza tone moja la maji. Linavimba tunduni, linarefuka shingo, linatetemeka, na hapo tunalishika. Nje ya duara la ubani kila kitu kinakwenda. Ndani yake tone linasita tu.

Wanaodai tunapingana na maumbile nawaeleza habari ya Oktoba 1971. Joseph Hafele na Richard Keating walipanda ndege za abiria na saa za atomu, wakaizunguka dunia kuelekea mashariki, kisha magharibi. Zilipolinganishwa na zile zilizobaki Washington, safari ya mashariki ilikuwa imezirudisha nyuma kwa nanosekunde (sehemu za bilioni za sekunde) 59 hivi, na ya magharibi imezitanguliza kwa 273. Einstein alikwisha kueleza sababu. Wakati hukaza na kulegea wenyewe. Sisi tunauomba uzidishe kidogo.

Saa kumi na moja jioni. Dada mmoja, mkononi ana picha ya mama yake. “Mwalimu, nirudishe saa moja tu, nimuage.” Nikamjibu, dada yangu, wakati huvutwa, haugeuzwi, na pole sana. Alilia, nami sikumharakisha. Baadaye akataja kwamba baba yake bado yupo, mgonjwa. Hilo ninaliweza: jioni yenye urefu wa saa mbili iwe na urefu wa saa tatu, naye alipe kidogo kidogo kutoka katika siku zake. Tumeandikishana.

Saa tatu usiku. Barua kwa baraza la waganga. Kuna pendekezo kwamba wenye mali waruhusiwe kukodi watu wa kuwalipia madeni yao ya wakati. Napinga, tena kwa nguvu zote. Anayelipa deni la mwingine hupoteza saa za uhai wake ambazo hakuzitumia, na maskini ndiye atakayepanga foleni. Nimeambatisha nakala ya kurasa za daftari, pamoja na ile ya mkunga. Mjumbe anaondoka nayo alfajiri.