Kidoti alipoumwa na nyuki, na panadol niliyoikataa

Mwarobaini wa uani kwetu hapa Ngamiani, Tanga, ulikuwa umechanua na nyuki wamejaa tele. Nilikuwa barazani nachambua mchele niliposikia paka wangu Kidoti akilia mlio ambao sijapata kuusikia kwake, kisha akanipita mbio akijipangusa uso, hadi uvunguni.

Nikaingiza mkono nimvute. Nisifanye tena! Alinikwaruza mpaka kwenye kiwiko na akazidi kujikunyata ukutani. Halafu nikaondoka kwenda kutafuta kibano cha nyusi, nikapekua droo zote. Hapo ndipo nilipopoteza dakika za maana, kwa sababu mwiba wa nyuki hubaki na kifuko cha sumu, nacho huendelea kusukuma sumu hata nyuki mwenyewe akiwa ameshaondoka. Ukucha ungetosha kabisa. La muhimu ni kuwahi.

Mwishowe mwanangu alimtoa kwa harufu ya dagaa, nikamviringisha kwa kanga mwili mzima, kichwa tu nje. Mwiba ulikuwa mdomo wa juu, nikaukwangua kwa ukucha. Uvimbe ulikuwa umeshapanda hadi jicho likabaki mwanya.

Sasa barafu. Ya bakuli aliikataa, anatupa kichwa huku na huku, na mapande yale hayakai kwenye uso mdogo hivyo. Nikamkumbuka bibi jirani, anauza barafu za ukwaju za vifuko vile vyembamba virefu. Nikachukua nane. Kifuko kimoja ndani ya kitambaa cha pamba kinalala sawasawa shavuni mwa paka kama kilitengenezwa kwa kazi hiyo! Nilikiweka dakika kama tano, nikampumzisha, nikarudia kwa kingine. Kufika cha tatu akaacha kupigana na kanga.

Bibi alikuja mwenyewe na panadol mkononi. "Mwanangu, saga nusu umtilie kwenye maziwa, atalala." Kijana wa nyumba ya pili naye akasema tumpake mafuta ya taa. Nilikasirika, ingawa najua wote walimwonea huruma. Ini la paka haliwezi kuivunja panadol. Inaharibu damu yake ishindwe kubeba hewa, na kidonge kimoja kinaweza kumuua. Tena huvimbisha uso na miguu, kwa hiyo ningedhani bado ni nyuki. Mafuta ya taa atayalamba, nayo ni sumu.

Nilimpigia daktari wa mifugo. Akanitaka nitazame ufizi: ukipauka, au paka akipumua kwa mdomo wazi, akitapika au akilegea, nisingoje kuche. Kama angeumwa ndani ya mdomo au kooni ningeenda moja kwa moja, maana uvimbe huziba pumzi. Bajaji nilishaiweka tayari, nadhani elfu tatu au nne, wala sikuihitaji. Nilikesha na tochi ya simu, kila mara nainua mdomo wake nione ufizi. Ulibaki wa waridi.

Alfajiri jicho lilikuwa wazi, na yeye kifuani pangu anadai dagaa.

Nilimpelekea bibi hela ya barafu, akakataa kupokea. Nikamrudishia panadol yake, nikakaa naye kibarazani nikamweleza yote, kwa sababu na yeye anafuga paka wawili.