Kumsoma Christopher Hill bila kupotea njia

Katika vitabu vya Hill, mwanahistoria Mwingereza, kuhusu fikra za siasa wakati Waingereza wanapigana wenyewe kwa wenyewe katika miaka ya 1640, anza na The World Turned Upside Down cha 1972. Vingine vitangoja. Hata hicho usikianzie mwanzo: nenda palipo na Gerrard Winstanley na wenzake, Diggers (yaani wachimbaji), kundi la maskini ambao Aprili 1649 walishika majembe kwenye kilima cha St George's, Surrey, wakapanda karoti na maharagwe.

Hapo msomaji wa Kisumu au Kakamega huteleza. Akisoma kwamba ardhi ile ilikuwa ya matumizi ya wote, anawaza ardhi ya ukoo. Siyo. Ilikuwa na mwenyewe, bwana wa eneo. Wanakijiji walikuwa na haki ya kulisha mifugo na kuokota kuni, basi. Kulima pale kuliwachokoza bwana na wenye ng'ombe kwa pamoja. Diggers walihamia Cobham, na kufikia Aprili 1650 walikuwa wametimuliwa.

Mtego mwingine ni tarehe. Mwaka wa Waingereza wa wakati ule ulianza 25 Machi. Mfalme Charles wa Kwanza alikatwa kichwa 30 Januari 1649, lakini karatasi za wakati ule zinasema 1648. Ukivipanga vijitabu kwa mwaka uliochapwa tu, jibu litatangulia swali. Dawa ni George Thomason, muuza vitabu wa London aliyekusanya machapisho takriban 22,000 na kuandika kwa mkono, kwenye mengi, siku alipoyapata.

Udhaifu wa Hill? Aliegemea mno yaliyochapwa. Mwaka 1975 mwanahistoria J. H. Hexter alimshutumu kwa kuchota ushahidi unaomfaa na kuruka unaompinga, na kwa maoni yangu hakukosea sana. Mwanahistoria mwingine, J. C. Davis, 1986, alidai kundi la Ranters, watu wa dini walioshutumiwa kwa kudharau dhambi na maadili, halikuwahi kuwapo. Huyo naona alizidisha chumvi. Hata hivyo, ukikuta aya yenye dondoo tano, shuka kwenye tanbihi: nani kasema, lini, na alikuwa rafiki au adui? Habari nyingi za Ranters zimetoka kwa waliowachukia.

Mjadala wa Putney wa 1647, ambamo wanajeshi wa Bunge walibishana nani apige kura, usome wenyewe kwanza. Kanali Rainsborough anamtetea maskini asiye na kura. Jenerali Ireton anashikilia kwamba kura ni ya mwenye mali ya kudumu. William Clarke, karani wa jeshi, aliunakili kwa hatimkato, ukalala Chuo cha Worcester, Oxford, hadi mwanahistoria C. H. Firth alipoanza kuchapisha karatasi hizo 1891. Sentensi nyingine zinakatika katikati. Usimlaumu mchapaji, wanajeshi wale walisema haraka kuliko kalamu.