Mkono wa bibi ulipotoka jasho

Januari ya mwaka jana mama alitoka Pangani akaja kukaa nasi Tanga mwezi mzima. Zikiwa zimebaki siku chache aondoke, binti yangu wa miaka 7 akasema anataka kubaki na mkono wa bibi. Shuleni kwao walikuwa wamefinyanga samaki na nyota kwa unga na chumvi, akaona kiganja nacho kinawezekana.

Vipimo ni vyepesi: vikombe 2 vya unga wa ngano, kikombe 1 cha chumvi, na maji kama robo tatu ya kikombe, unayamimina kidogo kidogo. Unga uwe wa kawaida wa chapati, usiwe ule uliotiwa hamira tayari, maana utaumuka na alama itapotea. Chumvi ndiyo inayozuia donge lisiote ukungu.

Nilikosea kwenye chumvi. Nilitumia ya mawe, iliyokuwa jikoni. Kwa maji machache namna ile chumvi haiyeyuki yote, punje zinabaki punje, na kiganja cha mama kikatoka na vishimo kama mtu mwenye tetekuwanga. Nikaitwanga kinuni, nikaichekecha, tukaanza upya.

Kukanda niliwaachia watoto, dakika 10 nzima, mpaka donge likawa laini kama ndewe ya sikio na haligandi mkononi. Mdogo, wa miaka 4, alilionja mara moja tu akatema. Mwangalie mtoto asile, na paka au mbwa asilifikie, chumvi nyingi vile inawadhuru. Tukasukuma kwa kijiti cha chapati, unene wa sentimita 1 hivi.

Mama akaketi mkekani, akaweka kiganja. Mdogo akakikandamiza kwa mikono yote miwili.

"Taratibu, mume wangu, hiyo mifupa ya kizee."

Alipoinua mkono, chini ya kidole gumba kulikuwa na mstari uliopinda. Binti akaupitisha kidole. "Bibi, hapa pana nini?" Lilikuwa kovu. Mimi nimelijua kovu lile maisha yangu yote na sikuwahi kuliuliza. Mama akaeleza kwamba alikuwa na umri kama wa binti yangu, baba yake karudi na samaki wengi, naye akang'ang'ania kuwapaa na wakubwa, kisu kikateleza. Walimfunga kwa kipande cha kanga, akaendelea kupaa kwa mkono mwingine. Tulikaa pale mkekani mpaka donge likaanza kukauka kabla watoto hawajaweka mikono yao, ikabidi nilinyunyizie maji nilikande tena.

Tulifinyanga mikono sita: mitatu ya kubaki, mitatu ya kwenda Pangani. Kila mmoja nikautoboa tundu kwa mrija wa soda. Cha kwanza, kile chenye vishimo, nilikijaribu juu ya makaa kikapasuka, kwa sababu nje kulikauka upesi na maji ya ndani yakatafuta njia. Hivyo mingine nikaianika juani kwenye sinia, nikaifunika kwa kawa kuku wasidonoe, nikawa naigeuza asubuhi na jioni. Kwa kaskazi ile siku 4 zilitosha. Watoto wakapaka rangi za maji, tukatundika sebuleni.

Masika ilipoingia, asubuhi moja ya Aprili binti akaniita: "Mama, mkono wa bibi unatoka jasho."

Kweli ulikuwa umelowa, na rangi imeanza kubanduka. Hewa ikizidi unyevu wa asilimia 75 chumvi huanza kuvuta maji na kuyeyuka, na pwani masika yote hewa ni hiyo. Nikaipanga kwenye sufuria kubwa juu ya mchanga, makaa machache chini, mfuniko wazi kidogo, saa 3 bila haraka. Mkono wa mdogo ulikatika kidole, nikakiunga kwa uji mzito wa unga na chumvi. Ilipopoa nikapaka vanishi ya mbao mara mbili, mbele, nyuma, ukingoni na ndani ya tundu. Ukiacha sehemu ndogo tu, unyevu utapitia hapo. Kazi hiyo nilifanyia uani peke yangu, harufu yake haifai kwa watoto.

Ila ile ya Pangani niliipeleka bila vanishi, na nyumba ya mama iko karibu kabisa na bahari. Idi tulipokwenda nikabeba kopo na brashi, nimejiandaa kukuta uji. Ukutani hakukuwa na kitu. Mama akaingia jikoni, akapanda kigoda, akaishusha kutoka uchagani juu ya mafiga, mahali anapoweka chumvi yake na mbegu za mahindi.

"Chumvi huwekwa wapi, mwanangu?"

Ilikuwa mikavu kama vigae, imegeuka kahawia kwa moshi. Nikapaka vanishi juu ya moshi huohuo, naye akairudisha palepale.