Mangi aliyegoma kutazama pembeni

Kazi yangu leo ilikuwa kutafsiri tu: Kichagga cha Old Moshi kwenda Kiingereza, na maswali ya wageni kurudi huku. Wanatengeneza filamu ya dokumentari, na mzee wanayemhoji ni wa ukoo wa kimangi, yaani wa machifu wa Kichagga. Serikali ilifuta utawala wa machifu mwaka 1963, kwa hiyo hana baraza wala askari. Lakini pita naye barabarani uone watu wanavyovua kofia: "Shikamoo Mangi."

Wageni walimletea shuka ajifunge lubega. Yeye alikuja na koti la suti na kofia ya pama. Akaishika ile shuka, akauliza wameinunua soko gani, akaikunja vizuri, akawarudishia.

"Mangi Mkuu Marealle alizungumza Umoja wa Mataifa mwaka 1957," akaniambia pembeni. "Hawa wanadhani tumetoka msituni jana. Usiwatafsirie hilo, mjukuu wangu."

Sikutafsiri.

Tukaenda Tsudunyi, kwenye mti ambao Wajerumani walimnyongea Mangi Meli, tarehe 2 Machi 1900. Nadhani mwongozaji alitaka chozi, maana swali la uchungu lilirudi kwa sura tofauti tofauti. Mzee akatoa hesabu badala yake. Kichwa cha Meli kinasemekana kilikatwa, kikapelekwa Ujerumani. Mwaka 2023 vipimo vya vinasaba vilivyofanywa kwa mafuvu yaliyoko kwenye makabati ya makumbusho Berlin vikaonyesha ndugu wa akida wa Meli, yaani msaidizi wake, wapo hai, huku kwetu. Cha Meli mwenyewe hakijapatikana. Kila akitaja jambo alikuwa anakunja kidole.

Katika mahojiano ya namna hii anayehojiwa humtazama anayeuliza, si kamera. Mzee akasema filamu itaonyeshwa wapi? Ujerumani pia, wakajibu. Akageuza kiti, akaikazia macho lenzi. Wakamwomba atazame pembeni. Wakamwomba tena.

"Waambie siongei na wao. Naongea na wenye makabati."

Mwongozaji si mtu mbaya, na mwisho aliacha kamera iendelee. Nina hakika hicho ndicho kipande pekee cha leo kitakachobaki kwenye filamu, ingawa hakuna aliyekipanga.

Jioni ikaja fomu ya ridhaa, kurasa nzima za Kiingereza. Nikamsomea kwa sauti, nikafika pale wanapopewa haki ya kutumia sura na sauti yake duniani kote, milele.

"Mjerumani naye alikuja na milele," akasema. "Mwaka 1916 alikuwa ameshaondoka."

Hakutia saini. Anataka fomu ya Kiswahili, na kifungu kinachosema filamu itaonyeshwa kwanza Old Moshi, kwa Kiswahili, kabla haijapelekwa kwenye tamasha lolote. Wageni wameomba muda wa kuwasiliana na ofisi yao. Kuandika hicho kifungu nimepewa mimi, na malipo yake bado hatujaongea.