Nilivyoipata barua yangu ya kuthibitishwa kazini

Walimu wa ajira mpya hapa Tanzania hii inawahusu, maana wengi wetu tunajua ukishapata cheki namba (namba yako ya mtumishi kwenye orodha ya mishahara) na mshahara ukaanza kusoma basi ajira imekaa sawa, kumbe bila barua ya kuthibitishwa wewe bado ni mtu wa matazamio tu, yaani uko kwenye majaribio, hata uwe umefundisha miaka. Mimi nilishtukia benki, jamaa kakagua makaratasi ya mkopo akaniambia mwalimu hapa barua moja haipo. Daraja nalo likanipita, wenzangu tulioripoti pamoja wakaenda TGTS E (ngazi ya mshahara wa walimu serikalini), mimi nimeganda D.

Matazamio ni miezi 12. Yakiisha mkuu wa shule anaandika mapendekezo, yanapita kwa mwajiri mpaka TSC (Tume ya Utumishi wa Walimu) wilaya, huko ndo wanathibitisha. Mkuu wangu aliandika kwa wakati kabisa, karatasi zikafia masjala ya halmashauri, pale majalada yanapotunzwa. Nikienda leo naambiwa "mwalimu, jalada lako linafanyiwa kazi", nikirudi namkuta mwingine "jalada hatulioni, hebu lete nakala", napeleka nakala nayo inayeyuka. Ikafika mahali wananiona msumbufu.

Nikaenda kwa wakili nimevimba, nataka CMA (Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, kwenye migogoro ya kazi) moja kwa moja. Akacheka. "Mwalimu, ukienda leo wanakuwekea pingamizi la awali, unarudi nyumbani hata hujasikilizwa." Akanionyesha kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma, kiliongezwa 2016, kinasema mtumishi wa umma amalize kwanza njia zote za ndani ya utumishi ndo aguse sheria za kazi. Na kuishtaki halmashauri sio kuamka tu asubuhi, kuna notisi ya siku 90 na tangu marekebisho ya 2020 lazima umuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali kwenye kesi. Binafsi naona hiki kifungu kinambeba mwajiri, ila ndo sheria iliyopo, utafanyaje.

Kilichoniokoa ni kitabu cha dispachi cha shule, kile anachosaini mtu akipokea barua. Mstari upo, tarehe ipo, "mapendekezo ya kuthibitishwa", na pembeni sahihi ya mtu wa masjala kapokea mwenyewe. Nikapiga kopi nikamwomba mkuu agonge muhuri. Barua ya malalamiko tukaiandika na wakili ukurasa mmoja, hakuna kulialia, tarehe na viambatisho tu, kwenda TSC wilaya, nakala kwa mkurugenzi na TSC makao makuu Dodoma. Ombi lilikuwa hivi: nithibitishwe kuanzia tarehe matazamio yalipoisha, au nipewe sababu ya kutothibitishwa kwa maandishi. Hapo kwenye maandishi wakili alikomaa sana, anasema mtu akikukatalia kwa barua una cha kukatia rufaa, akikaa kimya unabaki unahangaika na hewa.

Kule masjala dada akaniambia we iache tu hapo mezani. Nikamwambia dada yangu, nigongee "imepokelewa" kwenye nakala yangu ndo niondoke, nisamehe bure. Alinuna lakini aligonga.

Basi bwana, afisa ambaye siku zote yuko kikaoni akanipigia simu mwenyewe! Jalada limeonekana, eti karatasi zangu zilichomekwa kwenye jalada la mwalimu mwingine tunayefanana jina la ukoo. Sikubishana nae. Barua ikatoka, ila someni vizuri pale kwenye "kuanzia tarehe", yangu waliweka tarehe ya kikao badala ya mwisho wa matazamio, ningeipokea hivyo hivyo miaka yote ya nyuma ingekuwa imekwenda na maji. Nikairudisha siku hiyo hiyo na kopi ya dispachi juu yake, wakarekebisha.

Mkopo nimepata. Daraja E nimeingia ila wale niliripoti nao sasa wapo mbele yangu, hivyo barua ya kuomba mserereko (kupandishwa ili niwafikie wenzangu) nimeshapeleka, na nakala yangu ina muhuri.