Ncha Aliyoikata Baba

Desemba 2011 nilirudi Lamu likizo nikiwa na hadubini ndani ya begi la mgongoni. Ilikuwa ndogo, ya kufundishia, nimeiazima kwenye maabara niliyokuwa nikifanyia kazi Ujerumani. Baba alikuwa fundi wa milango, na ada yangu yote ya shule ilitoka kwenye patasi yake. Wenzake barazani wakimuuliza binti yake ni daktari wa nini, alijibu, "Wa mawe." Lile jibu liliniuma, maana kosa lilikuwa langu. Miaka sita sikuwahi kukaa naye nikamweleza kazi yangu ni ipi.

Hadubini ile haina lenzi. Nilimwambia kuna ncha ya waya inayosogezwa karibu na uso wa kitu mpaka pengo linabaki dogo kuliko sehemu moja ya bilioni ya mita, yaani nanomita moja. Haigusi. Umeme hafifu huvuka pengo hilo, na ncha ikisogea kwa kipimo kisichofika hata upana wa atomu moja, umeme huzidi au hupungua mara kumi. Kompyuta husoma mabadiliko hayo mstari kwa mstari mpaka sura ya ule uso itokee. Walioibuni ni Gerd Binnig na Heinrich Rohrer, karibu na Zurich, mwaka 1981, na 1986 wakapata Tuzo ya Nobel. Baba alinisikiliza huku kidole gumba chake kikipita juu ya ubao wa mbambakofi.

"Kumbe haioni," akasema. "Yapapasa."

Sijapata kusikia mtu akiieleza vizuri kuliko hivyo.

Nilitaka kumwonesha atomu za grafiti, ile iliyomo ndani ya penseli. Unaibandika selotepu, unaibandua, tabaka la juu linatoka na uso unabaki safi. Hilo lilikuwa jepesi. Shida ilikuwa nyumba. Punda akipita kichochoroni na mizigo ya mchanga, picha inavurugika. Jirani akitwanga, inavurugika. Pangaboi likizunguka, ndiyo basi kabisa. Siku mbili sikuona ila michirizi.

Usiku wa tatu Baba akauliza, "Hao walioianza, walifanyaje?"

Nikamwambia mashine yao ya kwanza waliielea­sha kwa sumaku juu ya madini ya risasi yaliyopozwa kwa heliamu. Akainua uso akaangalia boriti za dari. Akatoka, akarudi na mipira ya ndani ya baiskeli, akaikata vipande virefu, akaning'iniza ubao kutoka kwenye boriti mbili, na juu ya ubao akaweka jiwe zito la matumbawe. Sikumfundisha mimi. Kitu kizito kwenye mpira laini hubembea polepole, na mitetemo ya haraka ya nyumba haikifikii. Maabara nyingi hufanya vivyo hivyo.

Picha ikatulia, lakini kila doa likaonekana mara mbili: ncha yangu ilikuwa na vilele viwili. Nikakata waya mpya, na mwingine, na mwingine. Ni waya wa platini na iridi, mwembamba kama uzi mnene, na hausagwi wala haunolewi. Unaung'ata kwa koleo kiubavu huku unauvuta, ili uchanike badala ya kukatika, na ukijaaliwa itabaki atomu moja imetokeza mbele ya zote.

"Nipa," akasema Baba.

Akafuta mikono kwa kikoi. Akaushika waya, akazuia pumzi, akavuta. Sikusikia hata mlio.

Ilikuwa saa nane za usiku, pangaboi limezimwa, jasho latutiririka. Kwanza ikaja mistari mitupu. Kisha, kutoka juu ya skrini kushuka, vidoa vikaanza kujipanga safu kwa safu, robo ya nanomita kati ya kimoja na kingine, vikipinda kidogo kwa sababu ya joto. Baba akavua kofia yake, akaiweka kando ya skrini, akalinganisha vitundu vya uzi na vile vidoa.

"Ni hizo zote?"

"Hapana, Baba. Ni nusu yake. Iliyo na mwenzake chini yake haijitokezi."

Akanyamaza muda mrefu. Nikamsimulia kwamba mwaka 1989 Don Eigler, huko California, alisukuma atomu 35 za gesi ya zenoni moja moja kwa ncha kama hii mpaka zikaandika herufi tatu. Yeye aliyechonga maandishi juu ya milango ya watu maisha yake yote aligeuka akanitazama.

"Na ikikosewa moja, airudisha?"

"Airudisha."

"Basi yeye ana raha. Mimi ubao ukishakatika, umekatika."

Tukakaa hivyo mpaka karibu na alfajiri, mimi nikisogeza ncha mahali papya, yeye akihesabu safu kwa kidole bila kuigusa skrini. Kisha kwato za punda wa kwanza zikasikika kichochoroni, mstari ukaruka, na safu zikapotea. Baba akavaa kofia yake, akainuka, akawasha pangaboi.