Mgongo wa Yuen Wah

Jana usiku nimeirudia filamu ya Enter the Dragon, ila safari hii sikumwangalia Bruce Lee. Nilikuwa namtafuta mtu aliyevaa nguo zake.

Utotoni, kwenye kibanda cha video, kwetu walikuwepo watu wa aina mbili tu: stelingi na maadui. Stelingi akipiga samasoti, kibanda kizima kelele. Sikujua kwamba zile samasoti hazikuwa za Bruce Lee. Ngumi zilikuwa zake kweli. Sarakasi ilifanywa na kijana wa miaka 22, Yuen Wah, ambaye kazi yake ilikuwa na sharti moja gumu: uso usionekane. Lile teke la kujipindua kinyumenyume, wakati wa pambano na O'Hara, mmoja wa maadui, ni lake. Nimesimamisha picha pale mara nyingi. Unaona mgongo, unaona nywele, basi.

Mwili ule ulifinyangwa Hong Kong, kwenye shule ya opera ya Peking, yaani maigizo ya jadi ya Kichina yenye nyimbo na sarakasi, ya mwalimu Yu Jim-yuen. Watoto walilala hukohuko na kufunzwa kwa fimbo, na wengi wao walibeba jina la Yuen kutoka kwa mwalimu wao. Jackie Chan, Sammo Hung na Yuen Biao walikuwa wenzake. Hao wakaja kuwa mastelingi. Yeye akapewa uadui. Katika Dragons Forever ya 1988 ndiye bosi mwembamba mwenye masharubu na sigara kubwa, na wanaomkabili ni walewale watatu aliokua nao. Nilimchukia mtu yule kwa moyo wote, na kumbe ndiye niliyekuwa nikimshangilia miaka yote!

Mwaka 2005, akiwa na miaka 54, alipata tuzo ya mwigizaji bora msaidizi ya Hong Kong, kwa nafasi ya mwenye nyumba mlevi anayechapwa na mkewe katika Kung Fu Hustle. Mke huyo ni Yuen Qiu, naye wa shule ileile. Nilifurahi kama vile ni mjomba wangu aliyepanda jukwaani.

Leo nimeangalia Fist of Fury ya 1972. Humo pia anaruka sarakasi kwa niaba ya Bruce Lee, lakini kuna dakika chache anaonekana uso: ndiye Mjapani wa kwenye lango la bustani, anayemwambia shujaa apite akitambaa kama mbwa. Anapigwa. Zamani nilipiga makofi hapo. Leo nimerudisha nyuma kidogo, nikamtazama usoni kabla teke halijafika.